Namba ya Kijani Isiyotikisika

Vijana wa ufundi, mimi ni mwoga. Nawaambia mapema msije mkasikia kwa watu. Walioanza kazi pamoja nami pale Tarime mjini walikuwa wakinitania kwamba Robhi akitaka kufuta faili moja anasali kwanza, ananawa mikono, halafu anaahirisha hadi kesho. Si uongo sana. Sasa nimestaafu, nafuga kuku na ng'ombe wawili hapa Turwa, na bado simu ikinitolea kile kidirisha cha kuuliza kama nina uhakika, nampa mwanangu Mwita ajibu yeye. Sina uhakika. Miaka yote niliyoshika kompyuta sikuwahi kuwa nao, na nadhani ndiyo maana nilidumu kazini.

Wengi wenu mnanijia na ugonjwa mmoja. Programu imegoma kufunguka, inasema faili fulani halionekani, na jina la faili hilo linaishia na zile herufi tatu, DLL. Mnataka niwatilie faili hilo kwenye flashi muondoke. Mimi siwapi. Mnatoka mmenuna, na najua mkifika barabarani mnasema yule mama ana roho mbaya. Sasa leo nitawaeleza roho yangu ilivyo.

Kwanza mjue faili lenyewe ni kitu gani. Walioandika programu waliona hasara kila programu ibebe kila kitu chake. Kazi zinazofanana, kama kusoma kinacholetwa na waya au kuchora herufi kwenye skrini, wakaziweka katika faili moja la pamoja, na programu nyingi zikawa zinachota hapo. Zinazochota kuliko zote ni zile programu zinazopokea plagini, yaani vipande vidogo vinavyoongezwa ili programu kubwa ipate kazi mpya. Plagini hii na ile hazijuani kabisa, kila moja imetoka kwa mtengenezaji wake, lakini zote mbili zinaweza kuwa zinategemea faili lilelile.

Sisi wa huku hatuna sababu ya kushindwa kuelewa jambo hilo, maana tuna ng'ombe. Mtu mwenye akili hawaweki ng'ombe wake wote katika zizi moja. Ugonjwa ukiingia, au wezi wakipita, ataamka hana kitu. Kwa hiyo anampelekea rafiki yake ng'ombe mmoja amtunze. Rafiki anakamua na watoto wake wanakunywa, lakini ng'ombe anabaki kuwa wa mwenyewe. Siku ya kumkabidhi wanakuwepo mashahidi. Pasipo shahidi, mwenye ng'ombe akifa wanawe watakuja kumswaga, na watoto wa yule rafiki watabaki wameshika vikombe vitupu. Faili la pamoja ni ng'ombe wa namna hiyo. Likiondolewa, anayelia siye aliyeliondoa.

Miaka ile ya dhahabu kila mtu Tarime alikuwa fundi. Watu walimiminika kutoka kila upande, wengine walikuja na jembe, wengine na nguo walizovaa tu, na waliopata walinunua kompyuta kabla ya kununua kitanda. Kibanda changu kilikuwa karibu na stendi. Mashine ziliingia zimejaa vumbi jekundu kiasi kwamba ukizifungua unaweza kupanda mahindi. Nilikuwa na mshindani upande wa pili wa mpaka wa Kenya, pale Isebania, kijana aitwaye Otieno, aliyeoa binti wa shangazi yangu. Kwa hiyo alikuwa shemeji, na shemeji huwezi kumkatalia kuingia kibandani kwako na kukufundisha kazi.

Siku moja mnunuzi mmoja wa dhahabu alileta kompyuta ambayo programu ya mzani wake ilikuwa inalalamika kwamba faili limekosekana. Nikasema niachiwe nitafute diski ya mzani huo, nisakinishe upya. Otieno akacheka. "Shem, hiyo si kazi ngumu," akasema. "Unaingia tu online, unadownload hiyo file inamiss, unaiweka hapo. Imeisha." Akalipakua kutoka kwenye tovuti asiyoijua mwenyewe, akaliweka katika folda ya mfumo, mahali ambapo programu zote zinachota. Mzani ukafunguka. Akaninyooshea kidole kama mwalimu mkuu.

Ila printa ikafa. Jina la faili lilikuwa lilelile, toleo lilikuwa jingine, na printa ilikuwa imezoea lile la zamani. Otieno akaleta faili jingine kuiponya printa, likaua saa ya mashine. Akaleta la tatu. Kufikia mchana skrini ilikuwa ya bluu tupu, na mnunuzi alikuwa amerudi na wanaume wawili waliosimama kuziba mlango. Hapo Otieno akakumbuka ghafla kwamba ana msiba Isebania. Nilibaki peke yangu na wale wanaume, na nawaambia kweli, sikuinua macho hadi nilipomaliza kurudisha kila kitu mahali pake. Leo nacheka, siku hiyo sikucheka.

Aliyenifundisha njia ya kufanya kazi ni Mzee Wambura, mtu wa Natta, Serengeti. Alianza kwa kutengeneza redio za kambi za watalii, kisha akahamia kwenye kompyuta kwa sababu, alivyosema, tembo walikuwa wanakula waya za antena. Alikuwa mpole, mchelewaji, na hakukubali kugusa mashine ya mtu kabla ya kusalimiana na kuulizana habari za nyumbani hadi mteja akachoka. Alinifundisha kwamba ukiona ujumbe wa faili kukosekana, usiulize faili liko wapi. Uliza nani mwingine anakunywa hapo. Angalia toleo lake na tarehe yake. Kama ni lazima ulirudishe, usilitupe kwenye folda ya mfumo ambako litawagusa wote. Liweke ndani ya folda ya programu inayolihitaji, maana programu nyingi hutafuta nyumbani kwao kwanza kabla ya kwenda kwa jirani.

Tena akanifundisha kitu ambacho kwenye vitabu vyenu hamjakiona bado, maana nawaona mnavyohangaika. Kompyuta inaweza kukuambia plagini fulani haipatikani, na wewe unaiona hapo kwenye folda, haijaenda popote. Mnaanza kuifuta na kuirudisha, kuifuta na kuirudisha. Plagini haijapotea. Kilichopotea ni faili ambalo plagini yenyewe inalitegemea, na kompyuta haina adabu ya kukutajia jina lake. Tumia kile kiprogramu cha kuchungulia plagini inaita mafaili gani, uyapitie moja moja. Utamkuta aliyekosekana.

Mzee Wambura ndiye aliyefunga kompyuta ya mgodi mmoja wa mtu binafsi, nje kidogo ya Matongo, na alipostaafu akarudi kwao Natta, kazi ile akaniachia mimi. Mgodi huo ulikuwa na shimo la kweli, lenye winchi na feni kubwa ya kusukuma hewa chini. Katika chumba kidogo juu kulikuwa na kompyuta yenye programu ya kuangalia shimo. Kila aina ya kifaa ilikuwa na plagini yake: feni yake, kengele yake, na vipima hewa viwili vikitumia moja. Kipima hewa kimoja kilikuwa mdomoni mwa shimo, kingine chini kabisa. Skrini ilionyesha namba kwa kila kimoja, ya kijani kama hewa ni nzuri, nyekundu kama haifai.

Sasa nifike kwenye siku yenyewe, maana naona nazunguka. Hata kuandika kwangu ni kwa woga.

Mvua ilikuwa imenyesha siku nyingi, maji yakajaa chini ya shimo, na pampu ya umeme ikaungua. Wakateremsha pampu ya dizeli. Injini ya dizeli ndani ya shimo inatoa hewa isiyo na rangi wala harufu. Inakulevya polepole, unajisikia kuchoka, unakaa upumzike kidogo, na huinuki tena. Kila mchimbaji analijua hilo. Injinia Masanja, aliyekuwa msimamizi, Msukuma mtaratibu asiyependa makelele, aliruhusu pampu hiyo kwa sharti moja: mtu akae mbele ya skrini muda wote, na namba ya chini ikibadilika kuwa nyekundu, watu wote wapande. Lilikuwa sharti la busara. Maisha ya watu wote walioshuka yaliegemea ile namba moja.

Mwendesha pampu, aliyekaa chini kuliko wote, alikuwa Marwa, mdogo wangu wa mwisho.

Mimi nilikuwa nimefika asubuhi hiyo kwa ajili ya printa ya ofisi. Aliyekaa mbele ya skrini ni Ghati, binti wa pale Matongo, makini sana, hakutoa macho hata alipokuwa anakunywa chai. Namba ya chini ilikuwa ya kijani. Tukawa tunaongea huku nafungua printa. Akaniambia kwamba jana yake alikuja mtu wa kampuni ya kamera kuondoa programu yao, kwa sababu mkataba umeisha. Wakati wa kuondoa, mashine iliuliza kitu. Ilisema kuna faili la pamoja ambalo halionekani kutumiwa na programu nyingine yoyote, je, lifutwe? Yule mtu akamwambia abonyeze ndiyo. Akabonyeza, wakawasha mashine upya, kila kitu kikafunguka vizuri.

Mkono wangu ukasimama ndani ya printa. Nikamwuliza ni faili gani. Hakukumbuka, na hakuwa na sababu ya kukumbuka. Nikasogea nikaiangalia namba.

Vijana, kipima hewa kizuri kinatetemeka. Hata kanisani kabla ya watu kuingia namba yake inapanda kidogo, inashuka kidogo, kama kidevu cha mzee. Nilikaa pale nikaitazama ile namba ya kijani hadi macho yakaniuma, na haikutikisika. Nikamwuliza Ghati kama aliwahi kuiona ikibadilika tangu alipoingia zamu. Akafikiri. Akasema hapana, leo hewa ni nzuri sana.

Nilielewa kitu chote kwa mara moja, na sikutaka kukielewa. Programu ile ilitengenezwa kuwa mvumilivu. Ikiwaka na kukuta plagini moja haifunguki, haisimami. Inaiandika mahali ambapo hakuna anayesoma, inaendelea na nyingine, na pale kwenye skrini inaacha namba ya mwisho iliyohifadhiwa. Ghati alikuwa anailinda namba ya jana.

Nilikimbia kwa Injinia Masanja. Nikamwambia apandishe watu. Alinitazama kwa upole, na msimlaumu, maana alikuwa na haki yake. Wiki chache nyuma nilimwambia vilevile, watu wakapandishwa, kumbe panya alikuwa ametafuna waya. "Mama Mwita," akasema, "kila nikipandisha watu bila sababu, siku ya sababu hawatapanda. Nionyeshe kitu."

Nikamwomba Chacha, mwendesha winchi, achukue kipima hewa cha mdomoni mwa shimo akipeleke kwenye moshi wa jenereta. Chacha akakishika palepale bomba linapotema moshi. Sisi tukasimama mbele ya skrini. Chacha alianza kukohoa, moshi ukamfunika uso, na namba ya mdomoni mwa shimo ikabaki ya kijani, imetulia vilevile. Injinia akamwashiria Chacha akirudishe kipima mahali pake. Alitoka mwenyewe akaenda kupiga kengele, na akamwagiza fundi umeme aongeze feni kwa swichi ya mkono hadi mwisho wa nguvu yake.

Walianza kupanda. Wengine walishika vichwa, mmoja alitapika alipotoka tu kwenye ndoo ya winchi, mwingine alikuwa anacheka bila sababu, na hicho kicheko kiliniogopesha kuliko matapishi. Nilikuwa nahesabu sura. Marwa hakuwemo. Kengele haifiki kule chini injini ya pampu ikiwa inanguruma, na walioitwa walidhani ameshatangulia.

Bomba la maji lilikuwa bado linatema maji pembeni mwa shimo. Nililitazama lile bomba kama mtu anayetazama pua ya mgonjwa. Maana yake pampu inafanya kazi, lakini pampu haihitaji mtu awe macho. Halafu likakohoa, likatema matope, likanyamaza. Labda Marwa ameizima mwenyewe aanze kupanda ngazi. Labda mafuta yameisha. Labda injini yenyewe imekosa hewa. Hapakuwa na mtu aliyejua.

Chacha akaanza kujifunga kamba kiunoni. Yeye na Marwa walitahiriwa msimu mmoja, na kwetu rika ni ndugu, hata zaidi ya ndugu. Injinia akamshika mkono.

"Mura, hakuna anayeshuka bila namba," akasema, akimwita kijana kwa lugha yetu.

"Yule ni rika langu," Chacha akasema. "Tulisimama pamoja tukiwa na damu miguuni. Nitawaambia nini wazee wake?"

"Nitawaambia mimi nini wa kwako?"

Kisha Injinia akageuka akanitazama, na wote wakanitazama. Kipima hewa cha mkononi hakikuwepo pale mgodini, vilikuwa vile viwili vya waya tu. Namba ya chini ingepatikana kwa mimi kurudisha lile faili, hakuna njia nyingine. Nikarudi chumbani.

Nitawaeleza nilichofanya, kwa sababu hii ndiyo sehemu mnayoijia kwangu. Nilifungua kumbukumbu ya programu, ile inayoandikwa pasipo msomaji, nikakuta imelalamika kwamba plagini ya vipima hewa haipatikani. Nikaangalia folda, plagini ipo. Nikaichungulia inaita nani. Yalikuwa mafaili mengi, na kwa haraka nikawa nabonyeza mahali nisipokusudia, Ghati akanishika mkono akanielekezea yeye kipanya. Tukapata jina lililokosekana. Ghati akasema huenda kompyuta ya mhasibu nayo ina faili lenye jina hilo. Tukaenda kuliangalia. Toleo lilikuwa jipya kuliko lile ambalo plagini imelizoea. Nikataka kulichukua. Mungu ananiona, nilikuwa nimeshachomeka flashi. Lakini nikamkumbuka Otieno na skrini yake ya bluu, na nikafikiri: kama mashine hii nayo ikizima kabisa, hata hiyo namba hatutaipata kamwe. Nikachomoa.

Kompyuta ya zamani ya chumba cha skrini, ile aliyoanza nayo Mzee Wambura, ilikuwa stoo. Walinzi walikuwa wameigeuza meza, juu yake kuna chupa ya chai na bao la drafti. Tukaviweka chini, tukaiburuta, tukaiwasha. Ilichukua muda wake kuwaka, nami nilikuwa naomba kwa sauti, kwa Kikurya na Kiswahili vikichanganyika. Faili lilikuwepo, toleo lenyewe. Nikalinakili, nikaliweka ndani ya folda ya programu ya shimo na si mahali pengine, nikaifunga programu nikaifungua tena.

Namba ya mdomoni ikaanza kutetemeka kidogo, ya kijani. Namba ya chini ikatokea nyekundu, tarakimu tatu.

Injinia alikuwa amesimama mlangoni. Chacha alikuwa nyuma yake na kamba yake. Kutoka pale walipokuwa hawakuweza kuisoma skrini, mimi peke yangu niliiona. Nawaambia kitu ambacho sikuwahi kumwambia hata mume wangu. Nilitaka kudanganya. Ningesema namba ndogo, Chacha angeshuka wakati uleule, na huenda angemfikia Marwa. Ilikuwa imefika kwenye ulimi. Yule ni mdogo wangu, nimembeba mgongoni. Na Chacha alikuwa mtoto wa mtu mwingine.

"Robhi, inasemaje?" Injinia akauliza.

Nikaisoma kama ilivyo.

Chacha alikaa chini palepale kwenye kizingiti, na kamba yake mapajani. Hakuna aliyemlazimisha. Kila mchimbaji anajua namba hiyo maana yake ni watu wawili wa kuzikwa badala ya mmoja. Feni ilikuwa inanguruma kwa nguvu zake zote na sisi tukakaa kuitazama namba ikishuka. Inashuka kwa uvivu. Inashuka kidogo, inapanda tena, inashuka. Wale waliokwishapanda walikuja wakasimama dirishani. Sijawahi kuogopa hivyo kabla wala baadaye, na nimezaa watoto wanne, na nimeshaona watu wakija na mapanga usiku kuchukua ng'ombe. Woga ule haukuwa wa kupiga kelele. Nilikuwa nimekaa tu kwenye kiti, naangalia tarakimu, na kila tarakimu ilikuwa ni Marwa anavuta pumzi au havuti.

Ilipogeuka rangi Injinia alisema neno moja, Chacha akashuka. Alimkuta Marwa ameegemea mdomo wa bomba la hewa, nadhani alikuwa amejikokota hadi hapo. Wakampandisha akiwa hai.

Miezi michache baadaye nilikwenda Natta kumweleza Mzee Wambura. Sikutaka, lakini niliona si haki asikie kwa wengine. Nilimkuta anapaka ng'ombe dawa ya kupe, tukasalimiana, nikaulizwa habari za nyumbani kama kawaida yake, na nilipofika kwenye habari za nyumbani ikabidi nieleze. Alisikiliza hadi mwisho. Ndipo akaniambia ilivyokuwa. Vipima hewa vile vilinunuliwa vikiwa vimetumika, diski yake haikuja. Kwa hiyo hakuisakinisha ile plagini, aliinakili kwa mkono kutoka kwenye flashi, akaona imepata faili lililoletwa na programu ya kamera, ikafanya kazi, akamshukuru Mungu. Kompyuta inahesabu ni nani wanalitumia faili la pamoja, lakini inawahesabu waliosakinishwa tu. Aliyeingizwa kwa flashi haijui kama yupo. Ndiyo maana ilimwuliza Ghati lile swali kwa moyo mweupe kabisa.

Sote tulikuwa tunafanya hivyo miaka ile, mitandao ilikuwa ya kubembeleza na diski zilikuwa hazifiki huku. Mnafanya hata leo. Mzee Wambura alifuta mikono, akakaa kwenye jiwe, akasema, "Nilimweka ng'ombe kwa mtu bila shahidi." Alikataa kunywa chai iliyoletwa, na nilipoondoka alinisindikiza hadi barabarani akiwa ameshika mkono wangu kama ninyi mnavyoshika wa bibi zenu.

Kwa hiyo siwapi mafaili kwenye flashi. Nendeni mkatafute diski ya programu, au kifurushi chake kutoka kwa waliokitengeneza, muisakinishe inavyotakiwa ili ihesabiwe. Mkikosa kabisa na mkalazimika kunakili, andikeni kwa kalamu ya wino usiofutika juu ya mashine yenyewe: hapa kuna plagini imeingizwa kwa mkono, inategemea faili fulani. Mashine ikiuliza kama ifute cha pamoja, jibu ni hapana, hata kama aliyesimama nyuma yenu ana haraka na tai shingoni. Faili lisilo na kazi halili nyasi za mtu. Na mkitengeneza programu zenu wenyewe, vijana wa siku hizi mnatengeneza, msiifundishe kuvumilia kimya. Plagini ikikosekana, futeni namba yake kwenye skrini, wekeni kistari, pigeni kengele, mwogopesheni mtu. Mtu akiogopa mapema si kitu.

Mnauliza kuhusu Marwa, wengine kwa adabu, wengine kwa kunichungulia dirishani. Anaishi hapa kwangu. Hewa ile ilikaa kichwani mwake muda mrefu kuliko kichwa kinavyoweza kustahimili. Analima vizuri, anakamua ng'ombe, anaimba kwaya na hakosei neno hata moja la nyimbo za zamani. Chacha anakuja Jumapili, wanakaa nje, Chacha anamsimulia walivyotahiriwa na Marwa anasikiliza kama habari za watu wengine, anauliza kama wale vijana walilia.

Asubuhi anaamka kabla yangu. Anagonga mlango, anasubiri, kisha ananiita mama, ananiuliza kama nimelala salama. Mama yetu tulimzika sote wawili, yeye ndiye aliyebeba msalaba. Miaka ya mwanzo nilikuwa namrekebisha, namwambia mimi ni Robhi, dada yako, na kila nilipomwambia alikuwa analia upya kwa ajili ya mama. Siku hizi simrekebishi. Ninaitika.